Saruji inaziua nyumba za Mikindani

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika ukurasa wako wa barua niseme juu ya nyumba za mawe za Mikindani, mji mkongwe ulio kilomita kama kumi kutoka Mtwara mjini. Mengi yamesemwa juu yake: kwamba ni kivutio, kwamba watalii waje, kwamba vibao vya maelezo viwekwe kila kona. Mimi ni fundi mwashi, nimezaliwa hapa na kazi yangu ni hapa. Ninalotaka kusema ni la kifundi, lakini lisiposikilizwa, vibao hivyo vitasimama mbele ya vifusi. Nyumba hizi zinauawa na saruji, na wengi wanaozipiga saruji wana nia njema kabisa ya kuziokoa.

Ukuta wa Mikindani umejengwa kwa mawe ya matumbawe yaliyoshikwa kwa chokaa, unene wa dhiraa moja au zaidi. Jiwe la tumbawe lina vitundu vingi na linanyonya maji kutoka ardhini. Ardhi yetu, hatua chache kutoka ghubani, haikosi unyevu, na unyevu wenyewe una chumvi. Wazee waliojenga walilijua hilo, wakayapa maji njia ya kutokea. Lipu ya chokaa inapumua. Maji yanapanda ukutani kidogo, jua linayavuta, yanatoka kupitia lipu, na chumvi inabaki juu juu. Kila baada ya miaka kadhaa unakwangua palipochakaa, unapiga lipu nyembamba, unapaka chokaa, maisha yanaendelea. Lipu iliwekwa pale ichakae yenyewe, ili jiwe lisichakae.

Sasa chukua ukuta huo huo uupige lipu ya saruji. Miezi ya kwanza unapendeza, umenyooka, mgumu, mwenye nyumba anafurahi. Lakini ukuta wa matumbawe ukishapigwa saruji ni kama mtu aliyevalishwa koti la mvua juani. Maji yaliyokuwa yakitokea chini, hayana tena pa kutokea, basi yanapanda. Yanapita usawa wa magoti, yanapita madirisha, yanafika kwenye vichwa vya boriti vilivyozamishwa ukutani. Boriti ya mkoko ikikaa kavu inavumilia zaidi ya umri wa mtu. Ikikaa kwenye ukuta uliolowa mwaka hata mwaka, kichwa chake kinaoza ndani kwa ndani huku katikati ya chumba ukiiona nzima. Siku moja sakafu ya ghorofani inashuka, watu wanasema nyumba imezeeka. Nyumba haikuzeeka. Ilizibwa pumzi.

Yeyote anayepita Mikindani anaweza kujihakikishia mwenyewe. Tafuta ukuta wa kale uliopigwa saruji, gonga kwa kifundo cha kidole usawa wa kiuno. Utasikia unalia tupu. Maana yake lipu imeshaachana na jiwe na chumvi imejaa katikati. Itakapobanduka itabanduka kwa vipande vikubwa kama sinia, na nyuma ya kila kipande utakuta uso wa jiwe la tumbawe umeng'oka nao, umebaki unga. Jiwe likishafika hapo huwezi tena kulirudisha. Unalitoa, unatafuta jingine.

Mimi chokaa nilifundishwa na mjomba wangu, naye alifundishwa na mjomba wake. Kwa mjomba, chokaa haikutumika siku ilipozimwa. Baada ya mawe kuchomwa kwenye tanuri na kuzimwa kwa maji, alikuwa anaihifadhi shimoni, ameifunika isipate upepo, mpaka iwe laini kama samli. Mchanga alichukua wa mtoni, akakataa kabisa wa pwani kwa sababu ya chumvi. Lipu aliipiga nyembamba, tabaka juu ya tabaka, na kila tabaka alilivalisha magunia ya katani yaliyolowekwa ili lisikauke kwa pupa. Chokaa inashika kwa kunywa hewa taratibu, inarudi kuwa jiwe kama lilivyokuwa kabla ya moto. Saruji inashika kwa saa chache, na hapo ndipo ilipotushinda sisi mafundi wa chokaa. Mteja anataka ahamie Jumamosi. Tena saruji siku hizi inatengenezwa hapa hapa mkoani, ipo kila duka la vifaa vya ujenzi, wakati chokaa nzuri ni ya kuagiza. Simlaumu mteja. Hakuna aliyemwambia.

Nitoe mfano mmoja, bila kumtaja mwenyewe. Iko nyumba ya ghorofa moja si mbali na barabara ya pwani, ya mtindo ule wa wafanyabiashara wa Kihindi: chini duka lililofungua milango yote barabarani, juu roshani ya mbao inayotazama mtaa. Anaishi mle mama mmoja mzee, chumba cha nyuma chini. Juu hakukaliki tangu mabati yalipong'oka upande wa mashariki. Nyumba ni ya mirathi. Warithi wako wengi, wengine Mbagala, wengine Masasi, na mmoja yuko ng'ambo. Kila mmoja anaipenda nyumba, na hakuna aliye tayari kununua mabati peke yake kwa mali ya watu kumi na zaidi. Hayo ndiyo maelezo ya nusu ya magofu ya Mikindani. Watu wanaotutembelea wanadhani tumezitelekeza kwa kutojali, kumbe ni hesabu ya mirathi isiyofungwa.

Mlango wa mbele wa nyumba ile ni wa nakshi. Miimo yake imechongwa mnyororo kutoka chini hadi juu, kizingiti cha juu kina maua yaliyoshikana majani, na mfaa wa katikati umekatwa vijialmasi ambavyo ukipitisha kidole unavihesabu gizani. Chini kabisa, pale maji ya mvua yanaporukia, mchoro umelika umebaki mawimbi tu. Pete ya komeo ipo. Misumari ya shaba mingine ipo, mingine ilishang'olewa. Mbao ni ngumu kiasi kwamba nilipojaribu kutengeneza bawaba iliyolegea, keekee ilinifia mkononi.

Akaja mtu na gari kutaka kuununua. Mama yule akaniita.

"Mwanangu, huyu anasema atanipa mlango mpya wa chuma na pesa juu. Wewe fundi unasemaje?"

"Mama, mlango huu hauuzwi hivi hivi. Upo kwenye sheria."

"Sheria gani inayojua mlango wangu?"

Nikamweleza ninavyojua. Sheria ya Mambo ya Kale ya mwaka 1964 inautaja mlango wa mbao uliochongwa nchini kwa mtindo wa Kiafrika au wa Mashariki kabla ya mwaka 1940, mlango pamoja na fremu yake, kuwa ni kitu kinacholindwa. Yule bwana aliposikia habari ya kibali akaondoka, akaahidi kurudi, na hajarudi. Nafikiri milango mingi ya pwani yetu iliondoka kwa njia hiyo, mbele ya wazee ambao hakuna aliyewahi kuwafikishia habari kwamba wana kitu kinacholindwa.

Lakini sheria hiyo hiyo ina jambo ambalo naomba wenye mamlaka walitazame. Jengo linalopata ulinzi wa moja kwa moja ni lile lililojengwa kabla ya mwaka 1863. Lililojengwa baada ya hapo linasubiri kutangazwa. Nyumba nyingi zinazoifanya Mikindani kuwa Mikindani ni za miongo ya mwisho ya karne ya 19 na ya mwanzo ya karne ya 20, pamoja na Boma lenyewe la Wajerumani la mwaka 1895. Kwa hiyo unaweza kuwa na mlango unaolindwa kwa sheria, umeshikiliwa na ukuta usiolindwa na kitu. Ukuta ukianguka, mlango unabaki umesimama peke yake na fremu yake, tayari kwa mwenye gari. Na hata penye tangazo, tangazo halizibi tundu la paa.

Boma limesimama mpaka leo. Lilikarabatiwa na shirika la Uingereza liitwalo Trade Aid likawa hoteli, na vijana wa hapa wakapata kazi. Nalitaja kwa sababu moja: lina paa, na lina watu ndani. Nyumba yenye paa na mtu anayefungua madirisha asubuhi haiangushwi na miaka. Mkitaka kujua nyumba gani ya Mikindani itaanguka msimu ujao, msitazame umri wake, tazameni mabati yake. Maji yakishaingia kwa juu, yanaosha chokaa iliyoshika mawe katikati ya ukuta, ukuta unafunguka tumbo. Kisha ndege anadondosha mbegu ya mtini juu yake, mzizi unashuka ndani ya ufa, na hapo hata mimi siwezi kuung'oa bila kuuangusha ukuta wote.

Nimewasikia vijana wakisema, na wanasema kwa uchungu wa kweli: hizo ni nyumba za Waarabu na Wahindi, zimejengwa kwa fedha ya watumwa, ziache zianguke. Nawajibu kwa heshima, maana hoja yao si ya kupuuzwa. Ni kweli. Katika karne ya 19 Mikindani ilikuwa bandari chini ya Sultani wa Zanzibar, misafara ikishuka kutoka upande wa Ziwa Nyasa na pembe za ndovu na sandarusi, na watu waliofungwa shingo. Sultani Barghash alitia saini mkataba wa kuzuia biashara ya watumwa baharini mwaka 1873, lakini utumwa wenyewe haukuisha siku ile. Sasa tujiulize nani aliyabeba mawe haya. Nani alikata boriti kwenye matope ya mikoko, nani alipanga magogo ya tanuri, nani alikoroga chokaa na kuipandisha ghorofani kwa vikapu. Ukiubandua ukuta wa kale polepole, kwenye tabaka la ndani kabisa ambapo hapakutazamiwa kuonekana, unakuta alama za vidole vya mtu aliyesukuma chokaa kwa mkono kati ya mawe. Nimeziona, nikaweka vidole vyangu humo. Mtu yule hakuandikwa popote. Ukuta ukianguka, ushahidi pekee wa kazi yake unakwenda kuwa kifusi cha kujazia msingi wa mtu mwingine.

Ipo hapa nyumba yenye kibao cha David Livingstone, aliyefika Mikindani mwezi Machi 1866 akielekea bara katika safari yake ya mwisho. Kibao kile kibaki, ni historia. Ila ningependa mwongoza wageni akishamaliza habari za Livingstone, ageuke amwonyeshe mgeni na ukuta.

Ningependa pia wasiishie kwenye nyumba za mawe. Nyuma yake, kupanda kilimani, zipo nyumba za fito na udongo, zenye ukumbi wa katikati, vyumba vitatu vitatu pande mbili, ua nyuma na baraza mbele. Hizo ndizo walizokaa wavuvi, mafundi na wachuuzi. Zinaanguka kimya kimya na kujengwa upya kwa tofali za saruji, na hakuna anayezipiga picha. Baraza linaondoka nalo, kwa sababu ramani za siku hizi zinaanza na ukuta wa uzio. Mtaa ambao watu walikuwa wanakaa nje jioni, wakitazamana, unageuka njia ya kupita kati ya mageti.

Kitu kilichoihifadhi Mikindani, tuseme kweli, ni ukosefu wa fedha. Mpango wa Waingereza wa kulima karanga kwa mashamba makubwa ulipokuja mwaka 1947, ghuba yetu ilikuwa na kina kifupi mno kwa meli kubwa, bandari ikajengwa Mtwara, reli ikaelekea Nachingwea. Mpango ukafa mwaka 1951, reli nayo ikang'olewa baadaye, lakini Mtwara ikabaki kuwa mji na Mikindani ikabaki pembeni. Hakuna aliyekuwa na sababu ya kubomoa ghorofa la zamani ili ajenge jipya. Ilipofika habari ya gesi asilia ya mkoa wetu, viwanja vikapanda bei, na mtu mwenye gofu pembeni ya barabara kuu akaanza kuona kiwanja chini ya mawe. Lindi mjini nako hadithi ni hiyo hiyo. Nenda katazame nyumba za kale za pale mjini, hesabu zilizobaki na paa.

Sasa nije kwenye chokaa yenyewe, maana najua nitaulizwa. Chokaa ya zamani ilitokana na matumbawe, na katika miaka ya karibuni wachomaji wa ghuba hii walichimba hadi matumbawe yaliyo hai baharini. Hilo liliwaumiza wavuvi na mimi siliungi mkono hata kidogo. Samaki hana nyumba nyingine. Lakini matumbawe mafu ya nchi kavu yapo, na mawe ya gofu lililokwisha kuanguka yapo na yanafaa kujengea tena, badala ya kuuzwa kwa trela kama kifusi. Chokaa ya mawe ya kawaida inapatikana Tanga. Boriti ni jambo la vibali, kwa kuwa mikoko ni hifadhi, na sawa iwe hifadhi. Ninachoomba ni kibali cha boriti chache za ukarabati kisimchukue mtu msimu mzima wa mvua kukisubiri, kwa sababu msimu huo ndio unaomaliza nyumba.

Wanaosema haiwezekani waende Kilwa Kisiwani, mkoa jirani wa Lindi. Magofu yale, pamoja na ya Songo Mnara, yaliingia orodha ya urithi wa dunia mwaka 1981, yakawekwa kwenye orodha ya urithi ulio hatarini mwaka 2004, kuta zikafanyiwa kazi, na mwaka 2014 yakatolewa katika hatari. Yale ya Kilwa ni magofu, hakuna anayelala ndani yake. Mikindani watu wanalala ndani, wanapika ndani, wanaozea binti zao ndani. Kwangu hiyo ni sababu ya kuifanyia zaidi.

Ninachoiomba Halmashauri ya Manispaa ya Mtwara-Mikindani hakihitaji mamilioni ya kutisha. Kwanza kabisa, pawepo shimo la chokaa la umma hapa Mikindani, chokaa izimwe na ihifadhiwe, mwenye nyumba ya kale aje anunue ndoo mbili kama anavyonunua saruji mfuko mmoja dukani. Leo fundi akitaka kuziba ufa wa dhiraa mbili kwa chokaa, hana pa kuipata, basi anaziba kwa saruji. Hapo ndipo tatizo lilipo, kwenye ndoo mbili. Kibali cha ukarabati wa nyumba za mawe kiandikwe wazi: lipu ya chokaa, si ya saruji. Na VETA Mtwara, wanaowafundisha vijana wetu uashi wa tofali na zege, wawape japo wiki chache za kujifunza chokaa. Tuliobaki tunaoijua ni wachache na magoti yetu yanatukataa kupanda jukwaa.

Juu ya mirathi, siwezi kujifanya mwanasheria. Lakini naona kama serikali ya mtaa inaweza kuwaita warithi wa nyumba moja moja, hata kwa simu, wakakubaliana jambo dogo tu: paa. Wasigawane, wasiuze, waezeke kwanza. Ugomvi wa ndugu unaweza kusubiri miaka chini ya mabati mazima. Kwa nyumba ile ya yule mama nimeshapiga hesabu mwenyewe: mabati ya upande wa mashariki, mbao za kenchi nne, misumari, na siku za kazi ambazo mimi na vijana wangu wawili tutazitoa bure. Mrithi mmoja wa Mbagala ameshajibu kwamba atachangia. Wengine nawaandikia kupitia gazeti lako, wakisoma watajijua: nambari ya simu ya mama yenu haijabadilika, na mvua za mwisho wa mwaka haziko mbali. Mwaka 2024 kimbunga Hidaya kilipoleta mvua kubwa ukanda wetu mwezi Mei, alilala kwa jirani.

Na kijana yeyote wa Mikindani, Mtwara au Lindi anayetaka kujifunza kuzima chokaa na kuipiga, aje. Sitozi ada. Aje na ndoo, na viatu vya kufunika miguu, kwa sababu chokaa mbichi inaunguza.

Fundi mwashi,
Mikindani, Mtwara